Dakika Kumi na Nane Zisizo na Kamera

Jumamosi ya tarehe 1 Mei 1915, meli ya abiria ya Lusitania iliondoka Gati namba 54 la New York kwenda Liverpool, na mpiga picha wa sinema alikuwepo. Vipande vya filamu vilivyosalia vinaonyesha abiria wakifika na mizigo yao, watu wakipunga mikono, kisha meli yenye dohani nne ikijitoa gatini kinyumenyume kuingia Mto Hudson. Asubuhi hiyohiyo magazeti ya mjini yalikuwa yamechapa tangazo la ubalozi wa Ujerumani likiwakumbusha wasafiri kwamba bahari ya kuzunguka Uingereza ni uwanja wa vita, na anayepanda meli ya Kiingereza asije akasema hakuambiwa. Wapo waliolisoma na bado wakapanda.

Ijumaa iliyofuata, tarehe 7, muda mfupi baada ya saa nane mchana, nyambizi ya Kijerumani U-20 iliipiga topido karibu na rasi ya Old Head of Kinsale, kusini mwa Ireland. Kwa dakika kumi na nane tu, chombo chenye urefu wa karibu mita 240 kikawa kimekwenda chini. Kati ya watu 1,959 waliokuwemo walikufa 1,198, wakiwemo Wamarekani 128. Mashua za kuokolea zilikuwa 48. Zilizofika majini salama ni 6. Wapiga picha wakakimbilia bandari ya Queenstown, mji ambao leo unaitwa Cobh, wakapiga majeneza, makaburi ya pamoja, na walionusurika wakiwa wamevaa nguo za kuazimwa.

Kwa hiyo mwanzo wa safari upo kwenye picha, na mwisho wake upo. Kilichokosekana ni kile ambacho kila mtu alitaka kukiona.

Mnamo Julai 1918 majumba ya sinema ya Marekani yalianza kuonyesha hicho kilichokosekana. Ilikuwa filamu fupi ya dakika kumi na mbili hivi, The Sinking of the Lusitania, na humo meli inapigwa, inainama, inazama, watu wakimwagika baharini. Hakuna hata futi moja ya mkanda huo iliyopigwa Ireland. Bahari, moshi, nyambizi na maiti vilichorwa kwa mkono mjini New York na mchoraji wa magazeti aitwaye Winsor McCay pamoja na wasaidizi wawili. Hata hivyo filamu ilijitambulisha kwa watazamaji kuwa ni kumbukumbu ya kwanza ya tukio lenyewe. Haikusema ni igizo wala ubunifu. Mchoraji alipataje ujasiri wa kudai hivyo, na watu wazima walioketi gizani walikubalije? Ili kulijibu hilo inabidi turudi nyuma miaka ishirini, kwenye mapigano mengine ya baharini, yaliyopiganwa ndani ya chumba.

Mwaka 1898 Marekani ilikuwa vitani na Hispania kugombea Cuba, na vijana wawili wazaliwa wa Uingereza, Albert E. Smith na J. Stuart Blackton, walikuwa ndiyo kwanza wameanzisha kampuni ya filamu ya Vitagraph mjini New York. Smith alisimulia uzeeni kwamba walikuwa na picha za askari, lakini wenye majumba ya maonyesho walitaka manowari zikilipuana, na picha hizo hawakuwa nazo. Wakanunua mitaani picha kubwa za karatasi za meli za pande zote mbili, wakazikata kufuata umbo lake, wakazipachika kwenye vipande vya mbao, wakaziacha zielee kwenye maji ya kina kifupi na kuzivuta kwa nyuzi. Nyuma ya kila mzinga waliweka baruti kidogo ya kuwasha. Moshi wa vita ulikuwa wa sigara: Blackton alivuta, mkewe akavuta, na kijana wa ofisini akavutishwa pia. Wanahistoria wa sinema hawaamini kila neno la Smith, maana mzee huyo alipenda hadithi iliyokolea chumvi. Ninaloona la maana katika masimulizi yake ni jambo analolitaja kama la kupita tu, kwamba picha za meli hizo zilionyeshwa pamoja na picha halisi, kwenye skrini ileile na jioni ileile. Mtu akishawaona askari wa kweli, huwa tayari kuamini meli za karatasi.

Blackton mwenyewe aliingia kwenye sinema kwa mlango wa kalamu. Alikuwa mchoraji na mwandishi wa gazeti la New York Evening World, na mwaka 1896 alipotumwa kumhoji Thomas Edison alimaliza kazi akiwa amepigwa filamu yeye mwenyewe, akimchora Edison kwa haraka mbele ya kamera. Mwaka 1900 ikatoka The Enchanted Drawing. Humo Blackton amesimama kando ya karatasi kubwa, anachora sura ya mzee, halafu chupa ya mvinyo na bilauri. Ananyoosha mkono na kuitoa chupa kwenye karatasi, sasa ikiwa chupa ya kweli, anamimina, anakunywa, na mzee wa kwenye karatasi ananuna. Siri yake ilikuwa kusimamisha kamera, kubadilisha kitu, na kuendelea. Mwaka 1906 alipiga hatua ya pili kwa chaki na ubao mweusi, katika Humorous Phases of Funny Faces, ambamo nyuso zinajibadilisha zenyewe kwa kupigwa picha moja baada ya nyingine. Hata huko, mkono wa mtu unaonekana kwanza. Mchoro haukuachiwa kusimama peke yake. Ulihitaji mtu wa nyama na damu aje kuutambulisha.

McCay alirithi utaratibu huo. Ujana wake aliutumia Cincinnati akichora mabango ya jumba la maajabu la mtaani, mahali pa kuonyeshea viumbe vya ajabu kwa senti kumi, na kazi hiyo ilimfundisha kuchora haraka, kwa ukubwa, na kwa namna ya kumfanya mpita njia asimame. Magazeti ya huko yakamchukua, na mwaka 1903 akahamia New York Herald. Miaka miwili baadaye, Oktoba 1905, alianzisha Little Nemo in Slumberland, hadithi ya picha ya kila Jumapili kuhusu mtoto anayeota, na mpaka leo ni wachache waliofikia ustadi wake wa kuchora majengo, umati na kina cha anga kwenye ukurasa wa gazeti. Mwaka 1906 aliongeza kazi ya jukwaani: usiku alipanda kwenye kumbi za maonyesho mchanganyiko na kuchora kwa chaki mbele ya watu huku bendi ikipiga.

Filamu yake ya kwanza, Little Nemo, ilitoka Aprili 1911, ikiwa na michoro 4,000 aliyoichora peke yake. Blackton wa Vitagraph ndiye aliyeongoza sehemu ya watu halisi, na sehemu hiyo ndiyo inayochukua muda mwingi zaidi. McCay ameketi na rafiki zake, anadai anaweza kuifanya michoro itembee, wanamcheka, wanawekeana dau. Kisha tunaona mapipa ya wino yakishushwa, marundo ya karatasi yakiingizwa, na kijana akiyapiga kikumbo yakasambaa sakafuni. Ni baada ya yote hayo ndipo akina Nemo wanapotokea, wakiwa wametiwa rangi kwa mkono, wakijinyoosha na kujikunja hewani bila mandhari yoyote nyuma yao. Mtazamaji wa leo huona utangulizi ni mrefu na anataka katuni ianze. Mtazamaji wa 1911 alihitaji kuoneshwa wino kwanza.

Mwaka 1914 akaja Gertie, dinosaria wa kike mwenye haya na ukaidi. Michoro ilifika 10,000 hivi, na safari hii ilikuwa na mandhari: mwamba, ziwa, mti. Kwa kuwa kila picha ilichorwa upya nzima kwenye karatasi nyembamba, mandhari nayo ilibidi inakiliwe mara maelfu, na kazi hiyo ya kuchosha aliifanya kijana jirani yake, mwanafunzi wa sanaa John Fitzsimmons. McCay alianza kuionyesha jukwaani Chicago mwezi Februari, amesimama kando ya skrini na kiboko mkononi, akimwamuru Gertie ainue mguu, akimgombeza, akimrushia tunda la karatasi ngumu ambalo alilificha kiganjani wakati uleule tunda la kuchorwa lilipoingia kinywani mwa mnyama. Mwishoni alipita nyuma ya skrini na papo hapo akatokea ndani ya mchoro, mdogo, akibebwa na dinosaria. Ilipotengenezwa nakala ya kusambazwa kwenye majumba ambako yeye mwenyewe hangeweza kufika, ikaongezewa tena utangulizi wa watu halisi: wachoraji wametembelea jumba la makumbusho ya viumbe la New York, wamesimama mbele ya mifupa ya dinosaria, wakawekeana dau lilelile la zamani.

Mifupa ile ya makumbusho inastahili kuangaliwa vizuri. Ni mifupa ya kweli, imepigwa kwa kamera ya kweli, halafu mchoro unakuja kuivika nyama. Picha ya kamera ilikuwa imekuwa mdhamini wa picha ya kalamu, na mdhamini akishatia saini, mkopaji anapewa alichoomba.

Wakati huo McCay alikuwa mwajiriwa wa William Randolph Hearst, mwenye magazeti aliyemchukua mwaka 1911. Hearst hakumwajiri ili achezee dinosaria. Alimwekea mipaka ya maonyesho ya jukwaani, na kazi yake kubwa ikawa kuchora katuni za kusindikiza tahariri za Arthur Brisbane. Lusitania ilipozama, magazeti mengi ya Marekani yaliwaka kwa hasira. Ya Hearst yalipunguza makali, kwa kuwa tajiri huyo hakutaka nchi yake iingie vitani upande wa Uingereza. McCay alikuwa na hasira kama ya watu wengine, lakini mchana kutwa mkono wake ulitumika kuchora kinyume cha moyo wake, picha za kuwaasa Wamarekani wakae mbali na ugomvi wa Ulaya.

Mwaka 1916 alianza filamu ya Lusitania kwa fedha zake mwenyewe, usiku na siku za mapumziko, nyumbani kwake Sheepshead Bay, Brooklyn. Fitzsimmons alirudi kumsaidia, na rafiki wa tangu Cincinnati aitwaye William Apthorp Adams akaungana nao. Ilichukua miezi 22 na michoro 25,000. Katikati ya kazi, Aprili 1917, Marekani yenyewe ikaingia vitani. Kilichoanza kama uasi wa chini kwa chini dhidi ya tajiri wake kikamalizika kikiwa sambamba na sera ya serikali.

Kwa karatasi nyembamba za Gertie filamu hii isingewezekana. Meli hii ina mamia ya madirisha, kamba, mashua na milingoti, na hakuna mtu mwenye akili timamu angeinakili mara elfu kadhaa. McCay akageukia seluloidi, plastiki angavu ambayo Earl Hurd alikuwa ameombea hataza ya matumizi yake katika katuni mwaka 1914. Ukichora meli kwenye tabaka moja, bahari kwenye la pili na moshi kwenye la tatu, unaweza kuisogeza moja bila kuigusa nyingine. Fitzsimmons alipewa mawimbi. Alitengeneza mfululizo wa picha kumi na sita za maji, na mfululizo huo ukawa unarudiwarudiwa juu ya picha za McCay, ya kumi na sita ikipokelewa na ya kwanza bila jicho kugundua mshono. Adams alipanga tabaka kwa mfuatano wake tayari kwa kamera.

Seluloidi yao ilikuwa nene kuliko ile iliyokuja kuzoeleka viwandani, na uso wake ulikuwa na ukwaru kidogo, kiasi cha kushika penseli, kalamu ya nta na wino wa kupaka kwa maji. Hilo lilimpa McCay kile ambacho karatasi ilimnyima, yaani vivuli, weusi unaofifia, moshi wenye uzito. Lakini wino mwingi ulipokauka, seluloidi ilijikunja. Tabaka lililojikunja halikai mahali pake, na kwenye skrini meli ingerukaruka kila sekunde. Fitzsimmons alitatua tatizo kwa kuchukua jalada la kawaida la ofisini, lile lenye vyuma vya kushikia karatasi zilizotobolewa, akalirekebisha, na kila tabaka likawa linavishwa kwenye vyuma hivyo kabla ya kupigwa picha. Vifaa vya kushikilia michoro kwa vijiti vilikuja kuwa vya kawaida katika kila karakana ya katuni duniani. Hapa kilikuwa kifaa cha karani kilichobadilishwa kazi na kijana aliyechoka kuona bahari yake ikitetemeka.

Filamu inaanza na watu halisi, kama desturi. McCay anaonekana akizungumza na August Beach, mwandishi wa magazeti ya Hearst aliyekuwa Berlin, ambaye anatajwa kuwa ndiye aliyempa habari za kina za tukio. Kisha tunawaona wachoraji kazini, na maandishi ya skrini yanatutajia idadi ya michoro. Hakuna dau tena wala mzaha wa mapipa ya wino. Utangulizi uliokuwa kichekesho mwaka 1911 sasa umevaa suti ya shahidi anayeingia mahakamani: huyu hapa aliyetoa habari, hawa hapa walioziandika, sasa tazameni.

Halafu inakuja meli ikipita mbele ya Sanamu ya Uhuru. McCay hachori katuni tena. Hakuna mistari minene wala sura za kuchekesha. Kila kitu ni kijivu, cha mbali, kama kimeonwa kwa kamera iliyokuwa kwenye chombo kingine baharini. Nyambizi inaibuka, mabaharia wake wanaingia ndani, inazama chini ya mawimbi ya Fitzsimmons. Topido inapokwenda tunaiona kutoka chini ya maji, na samaki wanaikwepa, jambo ambalo hakuna kamera ya wakati ule ingeliona hata kama ingekuwepo. Mlipuko ukitokea, moshi unachukua nusu ya skrini na kubaki hapo, ukijiviringisha polepole mno. Sidhani kama kuna mchoraji wa filamu kabla yake aliyethubutu kumwacha mtazamaji atazame moshi peke yake kwa muda mrefu hivyo.

Katikati ya michoro zimepachikwa picha za abiria mashuhuri waliokufa: tajiri Alfred Vanderbilt, mwandaaji wa tamthilia Charles Frohman, mwandishi wa tamthilia Charles Klein, na mwandishi Elbert Hubbard. Ni uamuzi wa mtu wa magazeti, anayejua kwamba msomaji hushikwa na jina analolifahamu. Wapakia makaa wa Lusitania hawakupata nafasi hiyo, kama ambavyo maelfu kwa maelfu ya wapagazi waliokuwa wakifa miaka hiyohiyo katika kampeni ya Afrika Mashariki hawakupata mchoraji.

Baada ya nyuso hizo nne tunarudi kwenye meli, na sasa binadamu wamekuwa vidoa. Wanateleza kwenye kamba, wanaanguka kutoka sitahani, vichwa vyao vinaelea. Mashua inapinduka. Omo inatangulia, tezi inainuka na kuning'inia, dohani zinalala juu ya maji. Kwa mbali namna hiyo vifo vinakuwa vingi bila kuwa vya mtu yeyote, na McCay bila shaka aliliona hilo, kwani anatuleta ghafla karibu: mama anazama akimwinua mtoto mchanga juu ya kichwa chake. Ndiyo picha pekee ya filamu iliyokusudiwa kukuliza waziwazi, na mimi naiona dhaifu kuliko ule moshi. Baadaye maandishi ya mwisho yanadai kwamba aliyefyatua topido alipewa nishani na Kaiza, na yanawauliza Wamarekani kwa uchungu vipi wanaambiwa wasiwachukie Wajerumani.

Tukiichukua kama ushahidi, maana ndivyo ilivyojiita, inabidi ipimwe kama ushahidi. Filamu inaonyesha meli ikipigwa mara mbili. Kumbukumbu za Walther Schwieger, kamanda wa U-20, zinataja topido moja, na baada yake mlipuko wa pili ambao chanzo chake kimebishaniwa tangu hapo. McCay hakulibuni hilo la topido mbili, kwa kuwa uchunguzi wa Uingereza ulioongozwa na Lord Mersey mwaka 1915 ulifikia uamuzi huohuo. Alichora taarifa rasmi. Kuhusu shehena filamu imenyamaza kabisa, ilhali Lusitania ilibeba risasi za bunduki zaidi ya milioni nne zikienda Uingereza, jambo ambalo Wajerumani walilishikilia sana katika kujitetea. Nishani ya juu kabisa Schwieger aliipata Julai 1917, kwa jumla ya meli zote alizozamisha. Na watazamaji walipokuwa wakitakiwa kumchukia mtu huyo, alikwisha kufa: alipotea na nyambizi nyingine, U-88, Septemba 1917.

Makosa ya namna hiyo gazeti husahihisha kesho yake. Filamu haina kesho yake. Picha ikishaonekana, na hasa ikiwa ndiyo pekee iliyopo, hukaa kichwani kama kitu ulichokishuhudia. Hilo ndilo jipya alilolileta McCay, zaidi ya seluloidi na zaidi ya mawimbi. Kabla yake watu walitumia mchanganyiko wa kamera na kalamu kushangaza. Yeye aliutumia kutoa ushahidi, na alichora vizuri mno kiasi kwamba ustadi wenyewe ukawa sehemu ya hoja.

Hakuwa peke yake katika kutafuta namna ya kuonyesha vita isiyoonekana. London alikuwepo Percy Smith, aliyewahi kuwa karani wa Bodi ya Elimu, akaajiriwa na mtengenezaji filamu Charles Urban baada ya kupiga picha za nzi zilizowaacha watu midomo wazi. Mwaka 1909 alitengeneza buibui wa bandia anayetembea, kwa kusogezwa kidogokidogo, ili kueleza jinsi buibui wanavyosafiri angani kwa uzi. Vita ilipoanza, kamera hazikuruhusiwa kukaribia mapigano, naye akageukia ramani: mfululizo wa filamu fupi ambamo mistari ya majeshi inasogea yenyewe na manowari zinaingia mlango wa bahari wa Dardanelles. Hakuna damu wala mama mwenye mtoto. Lakini mbinu ya ramani yenye mishale inayosogea imedumu kuliko hata moshi wa McCay. Washa taarifa ya habari siku yoyote ya vita, utaikuta.

Huko Marekani jeshi lenyewe lilikuwa limegundua faida ya kalamu. Max Fleischer, mfanyakazi wa studio ya John Bray, alikuwa amebuni chombo cha kurushia filamu ya mtu halisi kwenye kioo, picha moja moja, ili mchoraji afuatishe mwendo wake. Ndugu yake Dave ndiye aliyevaa nguo za mcheza vichekesho na kupigwa picha kwa jaribio la kwanza, na hataza ikatolewa mwaka 1917. Vita ilipopamba moto, Fleischer alipelekwa Fort Sill, Oklahoma, kutengeneza filamu za kufundishia askari kusoma ramani na kutumia silaha. Hapo mchanganyiko ulikuwa na maana ya kikazi. Kamera humwonyesha askari akishika bunduki, halafu mchoro unaipasua bunduki katikati na kuonyesha risasi inavyosukumwa, springi inavyorudi, ganda linavyotupwa. Hakuna aliyehitaji kudhaminiwa, kwa kuwa baada ya filamu askari alikwenda kuishika bunduki yenyewe.

Baada ya vita Fleischer alipata umaarufu kwa Out of the Inkwell, ambamo yeye mwenyewe anaonekana mezani, mkono wake unachora, na kikaragosi kinatoka kwenye wino na kuanza kumsumbua. Lakini hakuiacha njia ya Fort Sill. Mwaka 1923 alitoa filamu ya kufafanua nadharia ya Einstein ya uhusianifu, iliyojengwa kwa kutumia filamu ya Kijerumani ya mwaka uliotangulia na kuongezewa mengine. Mwaka 1925 akatoa Evolution, kuhusu chimbuko la viumbe, kwa msaada wa jumba lilelile la makumbusho ambako Gertie alipatiwa mifupa yake, na katika mwaka uleule ambao mwalimu John Scopes alishtakiwa Tennessee kwa kufundisha somo hilo. Nyota zikizaliwa, dunia ikipoa, wanyama wakitoka majini: yote hayo ni mambo ambayo kamera haikuwepo, na kwa wasioyakubali, mchoro wa Fleischer haukuwa ushahidi wa kitu chochote.

McCay alitengeneza filamu chache baada ya Lusitania na kufikia miaka ya mwanzo ya 1920 akaacha. Studio zilikuwa zimejifunza kutoa katuni kila wiki kwa mistari michache na mandhari ya kurudiarudia, na hakuna mwenye mtaji aliyekuwa tayari kusubiri miezi 22 kwa dakika kumi na mbili. Mwaka 1927 wachoraji wa katuni wa New York walimwandalia chakula cha jioni cha heshima. Kulikunywewa sana. Fleischer ndiye aliyemkaribisha azungumze, na McCay akaanza kwa kuwapa ushauri wa ufundi, mpaka alipohisi kwamba hawamsikilizi. Hapo akabadilika. Akawaambia kwamba yeye aliianzisha kazi hii kama sanaa, wao wameigeuza biashara, akawatakia bahati mbaya, akaketi.

Filamu yake ya Lusitania iliingizwa kwenye orodha ya taifa ya filamu za kuhifadhiwa nchini Marekani mwaka 2017, baada ya Gertie mwaka 1991 na Little Nemo mwaka 2009. Yeye mwenyewe alifariki tarehe 26 Julai 1934, akiwa bado mwajiriwa wa magazeti ya Hearst, na bado akichora picha za kusindikiza tahariri za watu wengine.